Fomu Mfukoni mwa Bwana Tarrant

Mwaka 1966, huko Alabama, kila nyumba ya Weusi ilipelekewa fomu: mtoto abaki shule yao, au aende ya Wazungu. Saini ya mzazi mmoja ilitosha.

Cleophus Mabry alikataa katakata. "Verdell ana miaka kumi na miwili. Unataka wamtemee mate kila asubuhi?"

"Nataka asome kitabu chenye kurasa zote," alijibu mkewe, Ozella. "Vya kwao vinatufikia vikiwa vimechakaa."

Cleophus akaichana fomu. Ozella naye kwa ubishi hajambo. Alikwenda kuchukua nyingine, akasaini, akaikabidhi ofisi ya shule kwa mkono wake. Nyumbani akanyamaza.

Siku ya tatu, saa sita mchana, wakati wanaume wote wa shamba la Bwana Tarrant, walipoishi na kufanya kazi, wako kwenye pamba, Cleophus aliingia jikoni, akaweka karatasi kando ya bakuli la maharage. Ozella aliitambua kwa mwandiko wake mwenyewe. Akakaa.

"Umeitoa wapi?"

"Mfukoni mwa Bwana Tarrant."

Fomu ya shule, jamani, imefikaje kwenye mfuko wa Mzungu mwenye shamba?

"Kanipa nyingine," Cleophus aliendelea. "Shule yetu kashaiwekea alama, na kalamu kanipa. Ananiambia, 'Saini hapa, kijana, au mhame kabla ya Jumapili.' Kijana! Nina miaka arobaini na moja."

"Ukasaini?"

"Nimeikata alama yake. Nikaweka yangu kwenye shule ya Wazungu. Ndipo nikasaini, nikamrudishia."

Ozella alishtuka kuliko alivyoshtushwa na ile karatasi. "Wewe? Si wewe uliyeichana?"

"Niliichana kwa sababu Verdell ni mwanangu. Tarrant ni nani hata amchagulie?" Akaanza kushusha sufuria rafuni. "Na wewe ulivyonizunguka, hilo tutaliongea. Sasa tafuta maboksi."

Ozella akatazama jiko, kitanda, watoto watatu waliokuwa wakicheza mlangoni bila habari. Miezi miwili mizima alikuwa amepigania jambo hili. Akaisikia sauti yake mwenyewe:

"Mume wangu, twende tukamwombe Bwana Tarrant tubaki."

Cleophus akamtazama kama mtu asiyemjua.