Vigae vya Pembeni

Mtaa mzima ulimwita Pimamaji, kwa kile kifaa cha fundi kinachoonyesha kama sakafu imelala sawa, maana jamaa alijiona hapindi. Fundi vigae hodari, hilo hatumnyimi, ila mdomo ulikuwa hodari kuliko mikono. Kwa hiyo bintiye alipomletea hesabu jioni, mstatili kwenye karatasi ya miraba, atafute mzingo wake, hata hakumwacha mtoto amalize kusoma swali.

"Mzingo si kuzunguka pembeni? Hiyo ndiyo kazi yangu, mama."

Akaweka kidole kwenye mraba wa kona, akahesabu miraba inayogusa ukingo kwa ndani, vilevile anavyohesabu vigae vya rangi vya kuzungushia chumba. Kumi na nne. Binti akasita, akasema mwalimu huwa anapita juu ya mistari.

"Mwalimu wenu amewahi kutandika vigae?"

Binti akacheka, akaandika kumi na nne.

Kesho yake wazazi walialikwa kukaa darasani. Pimamaji akavaa shati la pasi, akakaa benchi la nyuma, ubavuni kwa mama mmoja aliyemtandikia vigae sebuleni juzijuzi. Mwalimu akachora ubaoni mistari miwili yenye namba, mmoja wa kulala na mmoja wa kusimama, kisha akatia kona nne: moja na moja, saba na moja, saba na nne, moja na nne. Mstatili uleule wa jana. Akamwita binti wa Pimamaji ataje mzingo.

"Kumi na nne," binti akasema, kifua mbele.

"Hebu tutembee juu ya mstari," mwalimu akasema kwa upole. "Kutoka moja mpaka saba, hatua ngapi?"

"Sita."

"Kupanda, kutoka moja mpaka nne?"

"Tatu."

Sita na tatu, sita na tatu. Kumi na nane. Darasa likaangua kicheko, na kule nyuma Pimamaji akaliona kosa lake lote. Kigae cha kona kinagusa pande mbili, naye alikihesabu mara moja. Swali lilitaka urefu, yeye akahesabu vigae. Mdomo uliponza kichwa, wanasema, lakini wa huyu ulimponza mtoto.

"Nani alikuelekeza hivyo?" mwalimu akauliza.

Binti akageuka, akamtazama baba yake. Ilikuwa ni kusimama tu, kusema ni mimi, yaishe. Pimamaji akainama, akashughulika na kamba ya kiatu ambayo ilikuwa imefungwa vizuri kabisa. Aibu ilimpanda mpaka masikioni, na bado hakusimama.

"Nimekosea mwenyewe, mwalimu," binti akasema, akarudi kukaa.

Kurudi nyumbani, Pimamaji, aliyezoea kuongea mpaka na kuku wa watu, alitembea hatua kumi mbele ya binti. Jioni akamkuta binti mezani, mkono umefunika karatasi ya miraba.

"Kuna hesabu leo, mama?"

"Hakuna, baba."

Kona ya karatasi ilichungulia chini ya kiwiko. Pimamaji akavuta kigoda, akakaa, akajiona mdogo kuliko kigoda chenyewe.

"Pale shuleni ningesimama," akasema. "Nilitakiwa nisimame."

Binti akaisukuma karatasi chini zaidi ya kiwiko.

"Wangekucheka, baba," akasema. "Mimi wamenizoea."