Rufaa ya Mtoto wa Jaani

Mwanamize alifungwa na mdomo wake mwenyewe, hilo Kariakoo nzima inakubali. Mwaka ule wa thelathini na nne alikuwa ameshazika watoto watatu, na wa nne alipozaliwa mzima, wanawake wa mtaani wakamwambia lile analolijua kila mtu: huyu mtupe jaani, mwenzio amwokote, na kuanzia hapo ukiulizwa, sema si wako. Kifo kikija kumtafuta mtoto wa Mwanamize, kimkose. Ukimwita wako kabla hajaota meno, umemuua.

Haya, akamtupa. Asubuhi, jua limeshachomoza, alimlaza kwenye ungo juu ya maganda ya ndizi nyuma ya soko, akajibanza konani kungoja. Wa kumwokota alikuwa shoga yake Nunu, muuza vitumbua. Na Nunu, Mungu amsamehe, akachelewa kwa ajili ya vitumbua vya mwisho jikoni. Aliyetangulia kufika akawa askari mmoja mgeni wa mji, wiki ya pili tangu ashuke garimoshi kutoka bara, kaptula imenyooka kwa pasi na bidii imemzidi akili.

"Mtoto wa nani huyu?" akafoka.

"Sijui. Takataka hiyo," Mwanamize akajibu akitoka pale konani. Angesema nini tena?

Nunu alipofika anahema, mikono imejaa mafuta, mwenzake alikuwa ameshatiwa pingu. Akambeba mtoto, akafuata nyuma akipiga mayowe.

Mbele ya hakimu Mwanamize akayarudia yaleyale, tena kwa sauti. Hakimu, Mzungu kijana mwenye pua iliyobabuka kwa jua, akasikia mama anamwita mwanawe takataka. Loo! Akamtia hatiani kwa kumtelekeza mtoto: miezi sita jela, na mtoto apelekwe kwa watawa mpaka awe mtu mzima. Mumewe, Ubeid, aliposikia neno jela akakumbuka kwamba ana shangazi mgonjwa Bagamoyo. Shangazi yule hajapona mpaka leo.

Nunu akamvaa wakili Marcelino, Mgoa ambaye hakuweza kufungua ofisi yake bila vitumbua vya Nunu tumboni. Wakili akakata rufaa, Mwanamize akatoka kwa dhamana, na mtoto akaachwa kwa Nunu mpaka kesi iishe. Kutwa mara tano mama mtu alikuwa akipenya mlango wa uani kwenda kunyonyesha.

"Mama, mambo mepesi kabisa," wakili alimwambia siku ya rufaa, kwenye baraza ya Mahakama Kuu. "Jaji akikuuliza, sema mtoto ni wako, ulimweka pale kwa mila yenu, na ulikuwa unamlinda. Leo hii unarudi nyumbani na mwanao."

"Siwezi."

"Neno moja tu, mama!"

"Bwana wakili, watatu niliwaita wangu, na wote nimewazika. Acha nifungwe. Jela watu wanatoka."

Marcelino akavua miwani, akaifuta, akaivaa, akatukana kidogo kwa Kireno, akaingia ndani.

Jaji alikuwa mzee mnene aliyevaa nywele za bandia katika joto la Machi, jambo ambalo kwa mtu mwingine lingeitwa kichaa. Akauliza, mkalimani akatafsiri: "Mtoto huyu ni wako?"

Kule nyuma, mikononi mwa Nunu, mtoto akaangua kilio. Mwanamize akakaza macho darini. Maziwa yakamtoka, yakailowesha kanga kifuani mbele ya wanaume wazima, naye anasema, "Simjui, bwana. Mimi simjui kabisa." Uchungu wa kumzaa haukuwa kitu mbele ya huu.

Jaji akaitazama kanga. Mwendesha mashtaka naye akaitazama. Mkalimani, mtu mwenye haya zake, akatazama kidau cha wino.

Marcelino akainuka. "Mheshimiwa, sheria inamwadhibu mzazi anayemtupa mwanawe. Huyu tangu siku ya kwanza anasema si mzazi, na hakimu amemfunga kwa maneno hayohayo. Kama ni kweli, hana kosa. Kama ni uongo, basi mtazameni! Huyu ndiye aliyemtupa mtoto? Askari mwenyewe alikiri kwamba mwanamke huyu alikuwa hatua kumi tu kutoka kwenye ungo."

Jaji akajikuna chini ya zile nywele, muda mrefu. "Na huyo mtoto hana mwenyewe?"

"Mimi hapa!" Nunu akadakia kabla hajaitwa. "Nimemwokota mwenyewe, jamani, wangu!"

Hukumu ikafutwa. Mtoto, jaji akaandika, abaki kwa aliyemwokota. Karani akagonga muhuri.

Nje kwenye ngazi wanawake wakapiga vigelegele. Mwanamize akanyoosha mikono, lakini Nunu akarudi nyuma hatua moja, uso mkavu.

"Unamtaka mtoto wa nani wewe?" akauliza kwa sauti ya kuuzia vitumbua, mtaa mzima usikie.

Mwanamize akalitazama domo lile dogo linalolia, ufizi mtupu, hata jino moja halijachungulia.

"Wako, bibi," akasema. "Mtoto wako."

"Basi mshike umnyonyeshe, mimi maziwa nitayatoa wapi!" Nunu akampa, naye machozi yanamtiririka.

Mwanamize akakaa palepale ngazini, akamnyonyesha mtoto wa watu.