Kipande cha Pili

Nilikuwa nikishona upindo wa joho la mjukuu wangu, Renier, kurasa nne za ngozi zilipoanguka kutoka ndani yake. Niliziokota nizinyooshe tu. Marehemu mume wangu alitengeneza ngozi za kuandikia hapa Paris, upande wa shule, naye ndiye aliyenifundisha herufi na Kilatini kidogo cha kufuatia misa. Kwa hiyo nilisoma. Laiti nisingesoma.

"Inaonekana ulimwengu haukuwa na mwanzo." Ulikuwa mwandiko wa Renier, ninaujua kama ninavyoujua uso wake. "Inaonekana roho hufa pamoja na mwili." Chini ya kila neno zilipangwa sababu, na kila nilipojiambia kwamba hii haiwezi kusimama, niliiona imesimama.

Huyu ndiye mtoto niliyemlea tangu mama yake alipozikwa. Huyu ndiye anayekula ganda la mkate ili nibaki na sehemu laini, kwa sababu ya meno yangu, halafu anasingizia kwamba anapenda ganda.

Siku tano kabla ya hapo, barua ya askofu ilikuwa imesomwa makanisani. Misemo zaidi ya mia mbili ya wanafalsafa ilipigwa marufuku. Aliyeifundisha au kuisikiliza alipewa siku saba za kujitaja au kutajwa. Zikipita, anatengwa na Kanisa: hapati komunyo, hazikwi kwenye ardhi iliyobarikiwa, na hakuna shule itakayompokea. Zilibaki siku mbili. Renier alikuwa darasani. Sikumngoja. Nilichukua fimbo yangu nikavuka daraja kwenda kwa askofu.

Padri Aubri, mmoja wa waliopewa kazi ya kusikiliza mambo hayo, aliniondokea kwenye kiti chake ili nikae, naye akasoma amesimama. Nilimwona anabadilika rangi.

"Mama, nani ameandika haya?"

"Mjukuu wangu, Padri. Nimemtaja mapema ili asamehewe."

"Umefanya vyema kuja." Alizifunga kurasa taratibu, kama kitu cha moto. "Lakini kesho baada ya misa asimame mbele yetu. Mambo haya si madogo."

Renier alirudi jioni, jua likiwa bado juu ya paa. Alinichungulia pale jikoni.

"Mke wangu, leo umeninunia? Au dengu zimeungua?"

Sikucheka. Nilimwambia yote. Alikaa chini, pale pale sakafuni.

"Bibi. Umempelekea kipande cha kwanza?"

"Kipande gani?"

"Bibi, hicho si kitabu! Ni kipande cha kwanza cha kitabu!"

Ndipo akanieleza, na kila neno lilinichoma. Mwalimu wao akiandika swali, haanzi na lile analoliamini. Anaanza na hoja za wapinzani, tena anazipa nguvu zote, asije akaambiwa amepigana na mtu mgonjwa. Baada ya hapo ndipo anaandika, "Najibu." Na kwa kuwa kitabu kizima ni ghali, mwenye duka la vitabu hukigawa vipande, wanafunzi wakavikodi kimoja kimoja na kunakili. Renier alikuwa amenakili hoja. Majibu yalikuwa kwenye kipande cha pili, na hicho alikuwa nacho mtu mwingine.

"Sasa mimi ningejuaje kwamba kuna jibu?" nilisema.

"Ungeniuliza, bibi. Ungeniuliza tu."

Tulikwenda dukani kwa Mahaut, mjane mwenzangu, anayekodisha vipande hivyo. Alinisikiliza huku amejishika kiuno.

"Shoga yangu! Umempeleka mtoto kwa askofu na nusu ya maneno? Hata mbuzi hauzwi nusu!" Kisha akaniona nalia, akalainika. Alinifuta uso kwa aproni yake. "Basi, basi. Cha pili anacho Odilon, yule wa Picardy, chumba cha juu kwa mwoka mikate. Sina kingine. Kimbieni."

Odilon alifungua mlango kidogo tu. Alikuwa kijana mwembamba, vidole vimejaa vumbi jeupe. Nilipoliona vumbi lile nilielewa kabla hajasema. Ni vumbi la ngozi ya kuandikia; nimeishi nalo miaka arobaini.

"Umekwangua wino," nilisema.

"Niliogopa, bibi. Tangu barua isomwe silali. Na nakala yangu pia nimeikwangua." Alitukabidhi kipande. Kurasa nne, nyeupe kama yai lililomenywa. Niliziinua dhidi ya mwanga wa dirisha, nikazigeuza huku na huku, nikitafuta hata kivuli cha wino. Alikuwa amefanya kazi safi. Mume wangu angemsifu.

"Unalikumbuka jibu?" Renier alimuuliza.

"Neno 'najibu' nalikumbuka. Yanayofuata, hapana. Nilikuwa nanakili, sikuwa nasoma."

Renier alicheka kicheko kibaya, cha mtu aliyeishiwa.

Asubuhi tulikwenda. Odilon alitufuata bila kuitwa, ili aseme kwamba kipande cha pili kilikuwepo na ni yeye aliyekifuta. Hakuna aliyekuwa amemtaja. Alijitaja mwenyewe, na sitalisahau hilo.

Walikuwa mapadri watatu mezani. Katikati alikaa mzee sana, Padri Gautier, macho yamejaa ukungu. Waliwasikiliza vijana wote wawili. Kisha Padri Aubri akasema, "Kipande kitupu hakimtetei mtu. Renier, hoja zimo kwa mwandiko wako. Tupe jibu."

Mjukuu wangu alisogea mbele ya meza.

"Sina la mwalimu," alisema. "Nina langu, nalo ni dogo. Anayesema ulimwengu haukuwa na mwanzo anatazama kuku na yai, mwana na baba, anadhani hata cha kwanza kilikuja hivyo hivyo. Hajui. Na mimi siwezi kumthibitishia kwamba ulikuwa na mwanzo. Akili inanifikisha mlangoni, inasimama. Ninaingia kwa imani."

"Unaingia bila sababu?" Padri Aubri aliuliza kwa ukali.

"Padri, bibi yangu alinileta kwenu. Mtu akipanga ushahidi, atathibitisha kwamba bibi hanipendi, na sitakuwa na hoja ya kumshinda. Lakini nikikosea kuhusu bibi, basi hakuna kitu duniani ninachokijua."

Niliziba mdomo kwa kitambaa changu. Hakuwa amenitazama tangu jana.

Mapadri walinong'onezana. Kisha Padri Gautier akaomba asomewe hoja upya, zote. Aliinamisha kichwa akisikiliza. Ilipofika sababu ya tatu ya kwamba ulimwengu haukuwa na mwanzo, aliinua mkono.

"Hiyo," alisema. "Nina miaka thelathini nayo. Sijaweza kuivunja."

Padri Aubri aligeuka kama aliyepigwa kofi. "Baba!"

"Sijaweza. Na kila asubuhi nasoma misa, na sijasema uongo altareni hata siku moja." Alipapasa meza mpaka akazipata kurasa. "Kijana amekuja ndani ya siku saba. Amesamehewa, na mwenzake pia. Kurasa zitabaki kwangu. Warudi shuleni."

Niliitafuta fimbo yangu ili nisimame. Mtu wa Mungu, mzee kuliko mimi, alikuwa ameishi na neno lile lile lililonitoa mbio nyumbani, nalo halikuwa limemuua wala kumpoteza. Sikujua nishukuru au niogope.

Mkono uliingia chini ya kwapa langu, ukaninyanyua. Ulikuwa wa Renier.

"Twende, bibi," alisema, bado bila kunitazama. "Polepole. Ngazi zinateleza."