Nyumba Iliyozeeshwa Endasak

Mwaka 1975 nilipewa kazi yangu ya kwanza ya kubuni mandhari ya filamu bila mkubwa wa kunisimamia. Kabla ya hapo nilikuwa mchora mabango tu kwenye ofisi yetu ya filamu, Dar es Salaam. Mwongozaji wetu, Bwana Cornel, aliniambia waziwazi kwamba nikiharibu nitarudi kwenye mabango.

Filamu ilihusu familia inayoiacha nyumba kuukuu na kuhamia kijiji cha ujamaa. Nyumba hiyo niliijenga Endasak, ya miti na udongo, kisha nikatumia siku nne kuizeesha. Nilipaka masizi, nikabandua udongo kwenye pembe, nikamwagia kuta maji machafu. Nilijiona fundi kwelikweli. Nikapanda lori kwenda Katesh kumpokea Bwana Cornel na kamera yake.

Tuliporudi kesho yake saa nne asubuhi, nyumba ilikuwa inang'aa. Akina mama wa kijiji walikuwa wameikandika upya kwa udongo mweupe, ndani na nje, na uwanja wameufagia. Kiongozi wao, Scolastica, alisimama mlangoni mikono imejaa udongo, anatabasamu.

"Shikamoo, mama," nilisema kwa shida.

"Marahaba. Tuliona aibu, baba. Wageni watoke Dar es Salaam waje kupiga picha nyumba chafu vile? Watasema Endasak hakuna wanawake."

Nilitaka kulia, na hasira nazo zimenipanda. Bwana Cornel alitazama saa yake, akasema anakwenda kunywa chai kwa mwalimu mkuu na akirudi anaanza kazi. Nilikuwa na saa moja.

Nikamweleza Scolastica yote, hata habari ya mabango. Alicheka mpaka akashika kiuno.

"Ungesema unataka ya zamani. Ile yako haikuwa ya zamani, ilikuwa chafu tu. Masizi umeyapaka mlangoni. Nani anapika mlangoni?"

Akawaita wenzake. Walileta majivu na masizi ya majikoni mwao, wakayasugua ukutani udongo ukiwa bado mbichi, yakashika barabara kuliko rangi yangu. Ukutani juu ya mafiga wakaweka weusi mzito. Kando ya kitanda Scolastica aliketi chini, akasugua ukuta kwa mgongo wake.

"Hapa bibi anaegemea kila siku," alisema.

Kazi yangu ilikuwa kubeba ndoo.

Bwana Cornel aliporudi aliingia, akaenda hadi kando ya kitanda. Akapagusa pale penye alama ya mgongo.

"Nani kafanya haya, Didas?"

Ningeweza kusema ni mimi, na ulimi ulikuwa tayari.

"Ni akina mama hawa. Mimi nimebeba majivu."

Alinitazama, kisha akamgeukia Scolastica. "Mama, huyu kijana anaifaa kazi hii?"

Scolastica alinipima kuanzia viatu hadi kichwani.

"Akiambiwa anasikia," alisema. "Mwache abaki."