Hakitoshi, Kinagawika

"Wafukuze!" Yassir alisema kwa sauti iliyomfanya mama mmoja wa Rusimbi, aliyekuja kupiga picha ya pasipoti, ageuze shingo na kuiharibu picha. "Mama Jiko, nakuomba, usiwaguse hao. Wafukuze!"

Margareta alikuwa ameishika mausi ya kompyuta kama anavyoshika mwiko, kwa kiganja chote, na macho ameyakaza kwenye kibao kidogo kilichojitokeza katikati ya skrini. Kiingereza hakukijua, lakini kibao hicho alikijua kwa sura. Kilishamjia mara mbili huko nyuma, kila mara na watu watatu wanne. Watu wamesimama nje ya kijiji, wanaomba kuingia.

"Dainess, wako wangapi?"

"Ishirini na wanane, mamkubwa."

"Simamisha muda."

Dainess akaweka kamera chini, akainama, akabonyeza. Kwenye skrini kila kitu kikaganda: mkata kuni na shoka lake hewani, kondoo kwenye zizi, wavuvi kwenye magati yao mawili. Majani ya miti yalishakuwa mekundu, na wote mle ndani walijua maana yake. Baridi ilikuwa mlangoni.

Chumba chenyewe kilikuwa cha Dainess, pale Gungu, Kigoma: fotokopi, picha, kujaza fomu, na kompyuta tatu ambazo mbili zilikuwa nzima. Dainess alikuwa na miaka ishirini na moja, mtoto wa marehemu mdogo wake Margareta, na Margareta ndiye aliyemlea. Yeye Margareta alikuwa mpishi wa shule ya msingi iliyo jirani. Miaka kumi na minne alikuwa anasonga ugali wa watoto mia nne, na kila alasiri, akishaosha masufuria, alipita hapo kupumzisha miguu. Lakini kupumzika hakukujua. Alifagia, akapanga karatasi, akafuta vioo na kuwaambia wateja wanyooshe kola zao. Siku moja Dainess alichoka, akamkalisha mbele ya kompyuta na kumfungulia gemu la kujenga kijiji. "Chezea hiki, mamkubwa. Hawa watu ukiwalisha wanaishi, usipowalisha wanakufa." Alitaka tu aache kufagia.

Sasa usicheke. Kijiji cha kwanza kilikufa chote kwa baridi, maana Margareta alidhani kuni ni za kupikia tu. Kigoma hii nani anawasha moto aote? Theluji ilipoanza kudondoka akauliza, "Unga gani huu unaoanguka na hauliwi?" Cha pili kilikufa kwa njaa. Aliwategemea samaki, na walipopungua akasubiri, kama sisi tunavyosubiri mbalamwezi ipite giza lirudi na dagaa warudi nalo. Lile ziwa la kwenye gemu halijui mwezi. Siku hiyo Margareta aliondoka bila kuaga, na kesho yake, kwa mara ya kwanza tangu aajiriwe, aliunguza maharage ya watoto.

Alirudi siku ya tatu. Kijiji kipya akakiita Mboko, jina la kwao ng'ambo ya ziwa, akamwambia Dainess, "Hapa hafi mtu kwa njaa. Umenisikia? Hata mmoja."

Na hakufa. Baridi ishirini na tatu zilipita juu ya kile kijiji, na kila unga ulipoyeyuka watu wa Mboko walitoka nje wazima. Vijana wakaanza kuja kutoka Mwanga kwa bodaboda kumtazama mama wa kilemba akicheza. Walimwuliza siri yake, naye akawashangaa. Ghala aliliweka katikati ya nyumba na mashamba, kwa sababu mtu akifuata chakula mbali nusu ya nguvu inabaki njiani. Hata shuleni sufuria la maharage hulitenga karibu na mlango. Hakuwapa chakula cha aina moja. Mbegu hakuzigusa hata hali ilipokuwa mbaya. Na alitazama, weye, yule mama alikuwa anajua kutazama! Angeweza kukaa robo saa anamwangalia mtu mmoja anatoka shambani kwenda nyumbani, halafu anasema, "Huyu anachelewa kula," na kweli ukikagua unakuta anachelewa kula.

Yassir ndiye aliyekuja kuliko wote. Alikuwa fundi pikipiki, na yeye mwenyewe alishazika vijiji saba. Alimpa Margareta lile jina la Mama Jiko, akawa anasimama nyuma ya kiti chake na kupiga kelele kama kocha wa timu ya mtaa.

Kuna jambo moja Yassir hakuwa analijua. Watu wa gemu huzaliwa na majina yao, majina ya Kizungu ya kutafuna changarawe, na Margareta aliyaacha yalivyo. Jina moja tu alilibadilisha. Mwaka wa kwanza wa Mboko alimwonyesha Dainess mvuvi mmoja kijana, akasema, "Huyu mwandike Selestini." Dainess aliandika, asiulize. Selestini alikuwa mume wa mamkubwa wake. Mwaka tisini na sita, mapigano yalipofika kwao, aliusukuma mtumbwi uliowabeba kutoka ufukoni, maji yakimfika kifuani, akasema anakuja na mtumbwi wa nyuma. Hakuja. Hakuna aliyewahi kuleta habari kwamba amekufa, wala wapi, wala kwa nini. Na mtu ambaye hujui kama amekufa huwezi kumwekea matanga. Basi Margareta alikaa miaka kumi na tisa, si mke si mjane.

Miaka ya gemu inakimbia: kila baridi moja ikipita, mtu huzeeka miaka miwili na zaidi. Selestini wa Mboko sasa alikuwa na miaka sabini na tisa, na bado kila asubuhi alishuka kwenda kwenye gati lake kuvua.

"Nisikilize, mama," Yassir alisema, akavuta pumzi ili aongee taratibu. "Chakula cha ghalani kinawatosha watu wako sitini na mmoja mpaka unga uyeyuke. Kinawatosha, basi, hakibaki hata punje. Ukiongeza ishirini na wanane, wanakufa hao na wanakufa wa kwako. Miaka ishirini na mitatu, mama! Kigoma nzima hakuna aliyefika hapo. Utaitupa kwa ajili ya watu ambao si watu, ni picha tu?"

Na usimwone Yassir ana roho mbaya. Mwezi ule meli ilikuwa inaleta wakimbizi kutoka Burundi, inashusha, inarudi kuchukua wengine, na wiki hiyo hiyo Yassir alivua koti lake pale bandarini akamfunika bibi mmoja aliyekuwa anatetemeka kwa homa. Ila gemu kwake lilikuwa gemu, na hesabu ni hesabu.

"Wana batoto?" Margareta aliuliza.

Dainess alimtazama. Mamkubwa akishikwa na hofu ulimi wa ng'ambo humrudia. Watu wanakuwa batu, watoto wanakuwa batoto.

"Tisa," alisema.

Margareta aliinua mkono kwenye mausi, akaufuta kwenye kanga.

"Tulipofika sisi," alisema, "tulikuwa kumi na watatu. Weye, Dainess, ulikuwa mgongoni kwangu, na huna nguvu ya kulia. Tukasimama mlangoni kwa Bi Yunisi, pale Ujiji. Alikuwa amepika cha watu wake sita. Jirani akamwambia, mbele yetu, bila kuficha: 'Yunisi, hicho chakula hakitoshi.' Bi Yunisi akafunua sufuria, akatazama, akafunika. Akasema, 'Kutosha hakitoshi. Lakini kinagawika.'"

"Halafu?" Yassir aliuliza, hataki lakini anauliza.

"Halafu akatupa kazi. Huyu maji, huyu kuni, huyu atwange. Kabla ya tonge kila mtu alishashika kitu mkononi. Jioni ile tulikula kidogo sana. Kesho yake tukala zaidi, maana mikono ilikuwa mingi." Akaishika mausi tena. "Nibonyeze wapi, mwanangu? Pa kukaribisha ni hapa kushoto?"

"Mamkubwa..."

"Ni hapa kushoto?"

"Ndiyo."

Akabonyeza.

"Mungu wangu, ameua," Yassir alisema, mikono kichwani.

"Acha kelele, nisomee majina ya kazi. Nani anajenga? Waache kujenga. Mshona nguo, mfua vyuma, wote watoke waende shamba wamalizie mavuno. Na huyu?"

"Huyo anapika pombe."

"Pombe! Toa huyo. Mwaka huu hakuna kulewa."

Chumba kizima kilicheka, hata yule mama wa Rusimbi, ambaye picha yake ilishatoka lakini alikuwa hajaenda popote. Margareta hakucheka. Wageni wote ishirini na wanane aliwaweka kwenye nyumba moja kubwa karibu na maji, asiwatawanye, ili wasipoteze siku kwa kutembea. Wahenga walisema mgeni siku ya tatu mpe jembe. Yeye aliwapa nyavu siku ile ile. Kondoo akachinja nusu.

"Chinja wote!" Yassir alisema.

"Nusu. Na mwakani tutakula nini, ngozi?"

Yassir alijikuna kidevu. Kisha akavuta stuli, akaketi ubavuni mwake. "Msitu wa kaskazini hujaugusa," alisema kwa sauti ya chini, kama anayejisaliti. "Kuna uyoga kule. Peleka watu kumi kabla theluji haijashuka."

"Unaona sasa," Margareta akamwambia. "Kumbe kupika unajua."

Jambo la mwisho alilofanya ni kumhamisha Selestini. Gati lake lilikuwa mbali. Alimleta kwenye gati la karibu, wavue pamoja na wageni. "Mzee asitembee sana," alisema, na hapo sauti yake ilikuwa ya nyumbani kabisa.

Unga ukaanza kuanguka.

Sijui kama umewahi kuwatazama watu wanne wakiitazama namba moja ikishuka. Ghala lilikuwa na elfu mbili na kitu, ikawa elfu moja, ikawa mia sita. Gemu likilia *ting*, kuna taarifa, na kila lilipolia Margareta aliuliza swali moja tu, "Njaa?" Dainess anasoma. Si njaa, kuna mtoto kazaliwa. *Ting*. Si njaa, shoka limeisha makali. Mia tatu. Wavuvi walikuwa wanaingia na kutoka bila kukoma, wageni na wenyeji hujui yupi ni yupi, na Margareta anahamisha mmoja huku, mmoja kule, jasho linamtoka chini ya kilemba. Mia moja na arobaini. Yassir alikuwa ameuma ukosi wa shati lake. Themanini.

"Tazama pembeni," Dainess alisema ghafla. "Pale chini!"

Ukingo wa shamba la kusini ulikuwa umeanza kuwa kijani. Unga ulikuwa unayeyuka. Yassir alirusha ngumi juu, akafungua mdomo apige yowe, na hapo gemu likalia *ting*, na alama ndogo nyeusi ikatokea juu ya nyumba moja.

Alama hiyo hata asiyejua Kiingereza anaijua. Mtu amekufa.

Dainess alisoma. Akasoma tena.

"Njaa?" Margareta aliuliza.

"Si njaa, mamkubwa."

"Usinifiche, mwanangu. Kama ni njaa useme ni njaa."

"Nakuapia. Imeandikwa uzee. Amekufa kwa uzee."

Margareta alishusha pumzi iliyotoka mbali. "Basi sawa. Uzee ni haki ya kila mtu. Nani huyo?"

Dainess aliweka mkono begani kwake. "Selestini."

Nje pikipiki ilipita, ikapotea. Margareta aliitazama ile alama nyeusi.

"Alikuwa amekula?"

Dainess hakujibu kwa kubahatisha. Alichukua mausi, akabonyeza juu ya ile nyumba, akasoma yaliyomo ndani kidole kikifuata mistari. "Kuna samaki ndani kwake. Kuna maharage. Kuni zipo. Alikuwa nyumbani, mamkubwa. Alikuwa na miaka themanini."

"Themanini," Margareta alisema. "Ndani kuna samaki. Kuna kuni." Akavua kilemba, akakiweka mapajani, na akalia. Alilia waziwazi, kwa sauti, kama mwanamke anavyolia anapofiwa. "Amekufa vizuri. Mume wangu amekufa vizuri."

Yassir alisimama. Alimtazama Dainess, naye akaitikia kwa kichwa, na hapo Yassir akaelewa alikuwa anatazama nini siku zote zile. Akavua kofia.

"Pole, mama," alisema. "Pole sana."

Yule mama wa Rusimbi aliweka bahasha ya picha zake juu ya meza, akasogea kwenye benchi, akaketi karibu na Margareta na kujitanda kanga kichwani. "Pole, dada yangu," alisema. "Tuko pamoja." Dainess akaugeuza ule ubao wa mlangoni uliosema wazi, akaketi naye. Hakuna aliyekuwa na haraka ya kwenda.

Baadaye Yassir alinong'ona, "Niizime?"

"Usizime," Margareta alisema, akijifuta macho. "Wana kazi."

Mle kwenye skrini theluji ilikuwa imebaki kwenye mapaa tu. Nafasi moja gatini ilikuwa wazi. Kisha, bila mtu kugusa chochote, mlango wa ile nyumba kubwa ukafunguka, akatoka mmoja wa wale ishirini na wanane. Akashuka njia ya ziwani polepole, akasimama pale alipokuwa akisimama mzee, akatupa wavu.