Mkono wa Kushoto wa Tharcisse

Kiharusi kilimwachia Tharcisse neno moja tu: apana. Alilisema akitaka maji, alilisema akikataa maji, na Wivine, mkewe kwa miaka thelathini na minne, alikuwa bado anajifunza kutofautisha. Mkono wa kuume wa mumewe ulilala pajani kama wa mtu mwingine.

Tangu augue, mzabibu wa nyuma ya nyumba yao mtaani Kapata haukuwa umekatwa. Tharcisse aliupanda mwenyewe alipostaafu mgodini, na hakumruhusu mtu mwingine autie mkasi. Sasa ulikuwa umepanda hadi juu ya mabati, umejisokota kama nywele zisizochanwa. Zabibu za msimu wa mvua uliopita zilikuwa ndogo kama maharage, zikaoza kabla ya kuiva.

Jumamosi ya kwanza ya Agosti, asubuhi ya baridi na vumbi, Ngeleka akaja na panga. Alikuwa mdogo wake Tharcisse, na alitaka kujenga pale kibanda cha pikipiki yake.

"Shemeji, hii muti haina tena faida," alisema.

"Uliza mwenyewe," Wivine akasema, akimwonyesha Tharcisse.

Ngeleka akachutama mbele ya kiti cha kaka yake, akamwita kama mdogo anavyomwita mkubwa. "Yaya, nikate hii muti?"

"Apana."

"Basi, niiache?"

"Apana."

Ngeleka akainuka. "Unaona? Akili yake haiko tena."

Wivine akahisi moto ukimpanda kifuani. "Akili yake iko. Mi mwenyewe nitaikata, vile yeye alikuwa anakata. Ikala, utazame." Akamsogezea kigoda.

Hasira ilipopoa, alibaki na woga mtupu. Kila mwaka alimwona mumewe akikata mwishoni mwa baridi, kabla macho ya matawi, vile vifundo vya kutokea majani, hayajavimba. Ukichelewa, tawi lililokatwa hutoa machozi ya utomvu siku nzima. Akagusa jicho moja kwa kidole. Lilikuwa limeanza kujaa. Hapakuwa na wiki nyingine ya kungoja.

Akaosha mkasi kwa maji ya moto, akasogeza kiti cha Tharcisse karibu na waya uliobeba mzabibu. Akashika tawi la mwaka jana, lile la kahawia, akaweka mkasi katikati yake.

"Hapa, tata?" akamuuliza mumewe.

"Apana." Mkono wa kushoto ukapiga kiti.

Akaushusha mkasi hadi karibu na shina. "Hapa?"

"Apana." Lakini mkono ulitulia.

Wivine akatazama. Chini ya mkasi yalibaki macho mawili. Akakata kwa mshazari, juu kidogo ya jicho la pili, na tawi refu likaanguka miguuni pake. Tangu hapo hakusikiliza tena mdomo. Alifuata mkono: ukipiga, anasogea, ukitulia, anakata. Matawi yakarundikana hadi magotini. Mzabibu ulibaki mwembamba kabisa. Ilikuwa kama anamvua mtu nguo mbele za watu.

Ndipo alipofika kwenye mkono mnene wa mzabibu, ule uliolala juu ya waya kuelekea ukutani. Ulikuwa wa kijivu, hauna jicho hata moja. Akaukwaruza kwa ukucha: mkavu kama mkaa.

"Imekufa hiyo," Ngeleka akasema. "Kata tu."

Akaweka mkasi. Tharcisse akapiga kiti, mara moja, mara tano, uso ukamwiva, mate yakamtoka.

"Apana! Apana!"

"Yaya anaumia! Wacha, shemeji!"

Wivine alitaka kuacha. Lakini aliona macho ya mumewe hayakumtazama yeye wala mkasi. Yalitazama chini, nyuma ya mkono ule, palipokutana na shina. Akapiga magoti, akafunua majani makavu. Kichipukizi kimoja, chembamba kama penseli, kilikuwa kimetoka hapo. Akakwaruza gome kando yake. Kijani.

"Niikate hapa, mbele ya hii ndogo? Ndogo ibaki, ichukue nafasi yake?"

Mkono ukatulia.

Mkasi haukutosha. Bila kuambiwa, Ngeleka akaweka panga chini, akaenda kuazima msumeno, kisha akashikilia ule mkono mzito wakati Wivine akiukata.

Majuma sita Wivine hakulala vizuri. Ameuua mzabibu wa mumewe, ndivyo alivyowaza, kila alipouona umesimama uchi kama mti wa kuni. Katikati ya Septemba macho ya mzabibu yakafunguka upande mmoja, na siku nne baadaye kile kichipukizi nacho kikatoa jani, dogo, lenye manyoya meupe.

Januari alichuma ndoo moja na nusu. Zabibu zilikuwa na ukali kidogo, kwa kuwa aliacha vishada vingi mno upande wa kulia. Ngeleka, ambaye kibanda chake alikijenga kando ya jiko, alikula akiwa amesimama. Tharcisse alikula taratibu, moja moja, akitema maganda kiganjani mwa mkewe.