Nje ya Mstari wa Chaki

Kila uchaguzi unapofika, gereji yangu inageuka kituo cha kupigia kura. Aliyeanzisha jambo hilo ni marehemu mume wangu, kwa kuwa alipenda watu, na zaidi ya hapo alipenda watu waione sakafu yake, aliyoipaka rangi ya kijivu ikang'aa kama sahani. Alipofariki, wale wa ofisi ya uchaguzi walinipigia simu kuuliza kama bado nataka. Nikawaambia, leteni meza zenu.

Basi siku ile ya Novemba niliamka kabla ya jogoo, ingawa hapa mtaa wa Excelsior, San Francisco, jogoo hakuna. Nikafagia, nikatoa baiskeli za wajukuu, nikaifunika mashine ya kufulia kwa shuka la maua, maana sipendi wageni waione ilivyopauka. Bwana Kwong, msimamizi wa kituo, akafika ukungu ukiwa bado umelala juu ya mapaa. Huyu alikuwa mtu wa posta mpaka alipostaafu, na kila kitu chake kimenyooka: suruali, masharubu, hata maneno. Akapima futi mia kutoka mlangoni, kwenda juu na kwenda chini, akachora mstari wa chaki kwenye njia ya miguu. Ndani ya mstari huo siku ya kura hakuna bango, hakuna beji, hakuna fulana yenye maneno, hakuna kumvuta mtu.

"Bibi Ercilia," akaniambia, akijipangusa chaki vidoleni, "unakumbuka?"

"Nakumbuka. Leo mwenye nyumba hana maoni."

"Hana maoni," akaitikia, na masharubu yakacheka kidogo. Huo ni utani wetu wa miaka.

Ila mwaka ule maoni nilikuwa nayo, yamenijaa hadi kooni, na yote yalikuwa juu ya Melba.

Melba ni komadre wangu, ndivyo kwetu tunavyomwita mama wa ubatizo wa mtoto. Tumetoka wote Masaya, kule Nikaragua, tumeshona wote suruali za watu kwenye karakana moja huku San Francisco, na yeye ndiye aliyembeba binti yangu Yadira siku ya ubatizo. Ana kisukari cha siku nyingi. Nyumba aliyokuwa amepanga ilipouzwa, kodi ikapanda pasipofikika, akaja kukaa kwangu. Vyumba vya juu vilikuwa vimejaa Yadira na watoto wake, kwa hiyo Melba alilala gerejini, kitanda chake kikiwa kati ya mashine ya kufulia na ukuta. Hakulalamika hata siku moja. Alitundika picha ya Bikira juu ya bomba la maji ya moto, akasema chumba kina joto kuliko Managua.

Kisha kliniki yake ikampatia chumba. Kliniki yenyewe si kubwa, lakini ina akili ya biashara. Inauziwa dawa kwa bei ya chini, bima zinailipa bei kamili, na tofauti inabaki mikononi mwake. Kwa faida hiyo ilinunua hoteli kuukuu, ikaweka humo wagonjwa wasio na pa kukaa. Melba akapata chumba chenye dirisha, jiko dogo, bafu lake mwenyewe, na ufunguo. Ufunguo huo anauvaa shingoni pamoja na medali ya Bikira, vinagongana anapotembea. Ukisikia mgongano huo ngazini, ujue Melba anakuja.

Sasa mwaka ule ikaletwa hoja ya kupigiwa kura katika jimbo zima. Ilisema kliniki za namna ile, zinazotumia faida ya dawa kwa mambo mengine, zilazimishwe kuitumia karibu yote kwa kuwatibu wagonjwa moja kwa moja. Si majumba, si kampeni. Ukiisoma haraka unasema, kwani kibaya kiko wapi? Melba aliisoma polepole, kidole kikifuata mstari, kisha akashika ufunguo wake.

"Komadre," akasema, "hawa wananitoa chumbani."

Mimi siku ya kura ningefanya nini? Nyumba yangu ndiyo kituo. Hata karatasi ndogo dirishani singeweza kuiweka. Nilishuka asubuhi ileile, nikapiga kura yangu kabla ya mtu mwingine yeyote pembeni ya mashine ya kufulia, nikafunga mdomo.

Melba alikuwa ameshapiga yake kwao. Lakini ana desturi: kila uchaguzi huwaletea wafanyakazi wa kituo nakatamali. Ni kazi ya siku mbili ile. Unga wa mahindi uliopondwa na mafuta ya nguruwe, kipande cha nyama, wali kidogo, kiazi, nyanya, jani la mnanaa, vyote vinafungwa ndani ya jani la mgomba kama zawadi na kuchemshwa muda mrefu. Mwaka ule alivipika kwenye jiko lake dogo, sufuria kwa sufuria, akaja navyo kwenye basi ndani ya kigari cha sokoni, amevifunika kwa blanketi.

Nilisikia ufunguo ukigonga medali kabla ya kumwona.

"Haya, wanangu!" akaingia nacho gerejini. "Njaa haipigi kura!"

Wale vijana wa mezani wakanyanyuka kama waliosikia kengele ya shule. Bwana Kwong naye akasogea, maana anavipenda kuliko wote. Melba akafunua blanketi, mvuke ukapanda, na mimi nikaona kile ambacho yeye hakukiona.

Nakatamali hufungwa kwa uzi. Uzi ulikuwa umemwishia. Na kule hotelini kliniki ilikuwa imewagawia wapangaji roli za riboni za zambarau wazifunge kwenye vizuizi vya ngazi. Kwa hiyo kila nakatamali ilikuwa imefungwa kwa riboni nzuri ya zambarau, fundo juu kama ua, na kila riboni ilikuwa imeandikwa kwa herufi kubwa: HAPANA KWA HOJA YA DAWA.

Bwana Kwong alivaa miwani. Akasoma moja. Akasoma ya pili, kama vile labda ya pili ingesema jambo jingine.

"Mama," akasema kwa huzuni kubwa, "chakula hiki kinafanya kampeni."

"Kinafanya nini?"

"Kampeni. Ndani ya mstari."

"Hii ni nguruwe, bwana. Nguruwe na wali."

"Cha ndani sina ugomvi nacho. Huku nje kuna maneno."

"Basi zikateni hizo riboni!"

"Vitoke kwanza. Vikishavuka chaki, mtu ana haki ya kufanya atakalo."

Melba akanitazama. Mimi nikatazama sakafu ya marehemu. Nilitaka kucheka na nilitaka kulia, na mwenye nyumba hakuwa na maoni. Nikashika upande mmoja wa kigari, yeye akashika wa pili, tukakishusha kilima, magurudumu yakipiga kelele.

Nyumba ya kwanza nje ya mstari ni ya Don Wenceslao. Yeye alikuwa fundi wa kupaka rangi majumba, mjane, mtu wa León, na watu wa León hupenda kutuambia sisi wa Masaya kwamba hatujui kupika. Alikuwa ameketi kwenye ngazi zake kama kawaida, na nyuma yake dirishani pana bango: NDIYO KWA HOJA YA DAWA.

"Yesu Maria," Melba akasema. "Kati ya ngazi zote za mji huu."

"Wekeni hapo tu," Don Wenceslao akasema, akijisogeza. "Ngazi hazina chama." Akainua nakatamali moja, akageuza, akasoma riboni. "Lo! Zimeanza kutukana kabla hazijaliwa."

"Usipotaka kusoma, fungua ule."

"Nitakula. Nyama haikufanya kosa."

Akafungua. Mwenyewe najua kwa nini aliweka bango lile, na mtaa mzima unajua. Mke wake, Auxiliadora, aliugua macho. Alikuwa mgonjwa wa kliniki ileile. Alisubiri kuonana na daktari wa macho, akasubiri, akaambiwa daktari ni mmoja na watu ni wengi, na alipofikiwa na zamu yake alikuwa ameshaacha kuuona uso wa mume wake. Na mwaka huohuo kliniki ikanunua hoteli.

"Sina neno na wewe, Doña Melba," akasema akitafuna. "Lakini dawa ni dawa, nyumba ni nyumba. Pesa ya dawa ingeajiri daktari wa pili wa macho. Je, nasema uongo?"

"Husemi uongo."

Nadhani alikuwa amejiandaa kwa ugomvi, kwa sababu aliacha kutafuna.

"Husemi uongo," Melba akarudia. "Auxiliadora nilimpenda. Lakini ngoja nikuulize, na wewe ulikuwa unakuja kwa Ercilia kila Jumapili. Mimi nikiwa naishi gerejini, insulini yangu ilikaa wapi?"

"Nitajuaje?"

"Kwenye friji ya Ercilia. Ghorofani, karibu na jibini. Na ngazi za mle ndani unazijua, na magoti yangu unayajua."

"Melba," nikasema. Hilo lilikuwa neno langu la kwanza.

"Niache, komadre, tuko nje ya chaki. Don Wenceslao, nilikuwa naona haya kuwapita watoto wa Yadira wamelala pale sebuleni. Kwa hiyo nilikuwa nasema, nitachoma kesho. Kesho nasema, nitachoma jioni. Mpaka siku ile nikaanguka kwenye ile sakafu nzuri ya marehemu, wakanibeba. Dawa nilikuwa nayo, unaona? Nzuri, ya bure. Nilichokosa ni mahali pa kuiweka. Sasa ina friji, na friji ina mlango, na mlango una huu." Akauvuta ufunguo nje ya gauni, ukagonga medali. "Hii ndiyo dawa yangu. Wewe iite unavyotaka."

Don Wenceslao aliiweka chini nakatamali yake taratibu sana.

"Mimi nilidhani uliugua tu," akasema. "Hakuna aliyeniambia."

"Hukuuliza. Ulikuja kuomba chumvi."

"Doña Melba." Akajifuta midomo kwa kiganja. "Kura yangu nilishaituma. Kwa posta, wiki iliyopita. Haiwezi kurudi."

Gari lilipita. Kijana mmoja wa mezani akavuka chaki kwa mapumziko yake, akaona nyuso zetu, akachukua nakatamali, akarudi upande wake akaila amesimama, ameacha riboni ngazini.

Melba akatazama ukungu unavyoshuka kilima. Kisha akainama kwenye kigari, akatoa nyingine, kubwa, akaiweka kwenye mapaja ya Don Wenceslao.

"Kula," akasema. "Kura imeshaondoka, tumbo bado lipo. Na useme kama ya León inafikia hii."

"Ya León ina zabibu kavu," akasema.

"Zabibu ndani ya nyama! Ndiyo maana mlipoteza njia ya Mungu."

Don Wenceslao akacheka, machozi yakiwa tayari njiani, na sijui yalikuwa ya kicheko au ya ile kura.

Jioni kituo kilipofungwa, Bwana Kwong akavuka chaki mwenyewe, akaketi ngazini, akala mbili. Riboni zake alizikunja vizuri, moja juu ya nyingine, akamrudishia Melba bila kuzitazama.

Kura za jimbo hili huhesabiwa kama mtu anayechambua mchele. Wiki zikapita, leo wa hapana wanaongoza, kesho wa ndiyo. Mwisho hoja ikapita kwa kura chache mno. Melba alinipigia simu, hakulia, akaniuliza tu kama bomba la maji ya moto bado linavuja. Kliniki ikawaambia wapangaji wasifungashe, wanasheria wako kazini, hoteli huenda ikakabidhiwa chama kingine cha hisani, huenda pia isikabidhiwe. Aliendelea kuishi humo hivyohivyo, na hizo 'huenda' zikiwa ndizo samani zake.

Muda si mrefu baadaye nikasikia hodi gerejini. Don Wenceslao. Amekuja na toroli, na juu ya toroli kuna friji dogo jeupe, lile la Auxiliadora, alilowekea matone yake ya macho karibu na kitanda. Nilijua kwamba tangu azikwe lilikuwa halijaguswa.

"Naliweka hapa," akasema, bila salamu. "Kando ya ukuta, pale kitanda kilipokuwa. Doña Melba akirudi, asipande ngazi."

"Wenceslao, ana chumba bado."

"Najua ana chumba. Namwombea abaki nacho. Kwani nimesema nini?" Akalichomeka kwenye umeme, akaweka sikio, likaanza kunguruma. Kisha akatoa burashi, akaupaka ukuta ule wote rangi upya, ya manjano ya mahindi, bila kuniuliza. Alipomaliza alikuwa ameipaka hata mashine ya kufulia mstari mmoja upande, na mpaka leo sijaufuta.

Melba alipolisikia jambo hilo alikuja kutazama. Alifungua mlango wa friji, akafunga, akafungua tena. Kisha akatoa kwenye mkoba nakatamali, akaiweka humo ndani katikati ya rafu tupu.

"Ya kwake," akasema. "Mwambie nimemtilia zabibu, mpumbavu yule." Akapanda basi, akarudi chumbani kwake.

Kulipokucha siku ya uchaguzi mwingine, Bwana Kwong akaja na chaki yake. Melba alikuwa bado ana ufunguo shingoni, na kesi ilikuwa bado iko kwa wanasheria. Msimamizi akakagua meza, akakagua ukuta wa manjano, akafika kwenye friji. Halikuwa na maneno yoyote juu yake, alihakikisha pande zote.

"Hili ni la nini, Bibi Ercilia?"

Nikalipangusa vumbi kwa upindo wa aproni.

"Leo mwenye nyumba hana maoni," nikamwambia.

Akalitazama kidogo, likinguruma. Akashusha miwani, akaenda kuchora mstari wake.